Tikiti ya Siku Thelathini: Habari za Sikukuu za Serikali na Ujira wa Watumishi

Ni desturi ya kitabu hiki kwamba, baada ya hesabu za mweka hazina na kabla ya majina ya wanachama, pawekwe habari moja ya kale. Mwaka huu kamati imetuagiza tuandike juu ya sikukuu za Serikali. Agizo hilo lilitokana na ubishi uliozuka katika mkutano mkuu, pale ilipopendekezwa kwamba mwanachama asitozwe faini mchango wake unapochelewa kwa sababu ya sikukuu. Wale wenye mshahara wa mwezi walishangaa: sikukuu yawezaje kumchelewesha mtu? Wale walio vibarua nao walishangaa kwamba wenzao hawajui. Nyumba zetu hapa Tena zatazamana mlango kwa mlango, lakini siku ile ile ya 1 Juni au 12 Desemba huingia nyumba moja kama zawadi na nyumba ya pili kama hasara.

Jambo hili halikuanza juzi. Sikukuu yenyewe haina faida wala hasara ya fedha ndani yake. Shauri ni nani aliyehesabiwa siku hiyo na nani ambaye hakuhesabiwa. Na hesabu hiyo ina historia yake, ambayo wazee wetu waliibeba mgongoni kabla ya kuandikwa vitabuni.

Zama za utawala wa Waingereza palikuwa na njia mbili kuu za kumlipa Mwafrika. Njia ya kwanza ilikuwa ya mwezi, kama ya makarani, waalimu, askari na matarishi wa ofisini. Njia ya pili, iliyoenea hasa katika mashamba ya walowezi, ilikuwa ya tikiti. Mwenye tikiti aliandikiwa karatasi yenye nafasi thelathini. Kila siku aliyofanya kazi ilitiwa alama, na alama thelathini zikijaa ndipo alipostahili ujira wake. Alipewa siku 42 za kuzijaza. Vijana wasichanganye tikiti na kipande. Kipande kilikuwa cheti cha kuandikishwa, ambacho mwanamume alilazimishwa kukichukua toka baada ya Vita Vikuu vya Kwanza, naye akakitia ndani ya kijisanduku cha chuma na kukivaa shingoni. Tikiti ilikuwa karatasi ya hesabu tu. Walakini kwa tumbo la mtu na watoto wake, karatasi hiyo ndiyo iliyokuwa na nguvu zaidi.

Tutazame hesabu yenyewe, maana ndiyo kiini cha habari hii. Katika siku 42 mna Jumapili sita. Ukiziondoa, zimebaki siku 36, na thelathini kati yake ni za kazi. Basi mtu alibakiwa na siku sita tu za kuugua, za kuzika, za kwenda kwao kutazama shamba, za mvua kubwa, na za sikukuu. Krismasi ikifika, nafasi ya siku hiyo ilikaa tupu. Siku ya kuzaliwa ya Mfalme ikifika, nafasi ilikaa tupu. Watoto wa shule walipangwa mistari tarehe 24 Mei kuimbia Dola ya Kiingereza, lakini baba aliyekuwa na tikiti alijua kwamba siku asiyotiwa alama, hata kama si yeye aliyeikataa kazi, yausogeza mshahara mbele. Sikukuu kwake ilikuwa siku ya njaa iliyotiwa jina zuri.

Mtumishi wa Serikali aliyelipwa kwa mwezi alikuwa katika hali nyingine. Sikukuu haikumpunguzia kitu. Lakini asidhani mtu kwamba sikukuu hiyo ilikuwa sawa kwa wote waliokaa ofisi moja. Mwaka 1948 Tume ya Holmes, iliyochunguza mishahara ya watumishi wa Serikali katika Afrika ya Mashariki, iliukubali mpango wa kwamba Mwafrika na Mhindi wapate sehemu tatu katika tano za mshahara wa Mzungu aliye katika cheo hicho hicho. Yaani ofisi ilifungwa kwa wote, na wote walikaa nyumbani, lakini Krismasi hiyo ilipomlipa mmoja shilingi tano, ilimlipa mwenzake shilingi tatu. Tume ya Lidbury, mwaka 1954, ndiyo iliyoondoa kanuni hiyo na kuweka ngazi moja ya mishahara, pamoja na posho ya ziada kwa wale waliotoka ng'ambo. Waliosoma taarifa hiyo kwa makini waliona kwamba mlango mmoja ulifungwa na dirisha likaachwa wazi. Hata hivyo, ulikuwa ushindi.

Mwaka ambao mji wetu wa Nairobi waukumbuka zaidi katika shauri hili ni 1950. Tarehe 30 Machi mwaka huo Nairobi ilipewa hati ya Mfalme ya kuwa jiji, kukawa na sherehe kubwa, na mtoto wa marehemu Mfalme George wa Tano akaja kuileta hati hiyo. Wakati huo palikuwapo shirikisho la vyama vya wafanyakazi vya Afrika ya Mashariki, ambalo Makhan Singh na Fred Kubai walikuwa wameliunda mwaka mmoja nyuma, tarehe 1 Mei 1949. Siku hiyo haikuchaguliwa bure. Ni siku ya wafanyakazi wa dunia, iliyotokana na mapambano ya Chicago ya mwaka 1886, watu walipodai kazi ya saa nane kwa siku. Shirikisho hilo liliwataka wafanyakazi wasishiriki sherehe za jiji. Walisema hawana cha kushangilia, maana mji uliokuwa ukipambwa ulikuwa ukifagiliwa, ukijengwa na kulindwa na watu wasioweza kukodi chumba ndani yake.

Yaliyofuata yalitukia upande huu huu wa mashariki, katika mitaa ambayo wengi wetu twaijua kwa miguu. Tarehe 23 Aprili 1950 ukafanyika mkutano katika Ukumbi wa Kaloleni, na hapo Makhan Singh akatoa azimio la kudai uhuru wa nchi za Afrika ya Mashariki. Tarehe 15 Mei yeye na Kubai wakakamatwa. Kesho yake mgomo mkuu ukaanza, ukadumu zaidi ya juma moja, na miongoni mwa madai yake ulikuwamo mshahara wa chini wa shilingi mia kwa mwezi. Tunaomba msomaji alitazame dai hilo vizuri: kwa mwezi, si kwa siku. Walijua walichokiomba. Mshahara wa mwezi humfanya mtu awe mtu hata siku asiyotiwa alama. Makhan Singh alizuiliwa mpaka mwaka 1961.

Mwaka uliofuata, yaani 1951, kijana Tom Mboya aliajiriwa na Halmashauri ya Jiji kuwa inspekta wa afya, akawakusanya watumishi wa halmashauri katika chama kilichokuja kuwa Chama cha Wafanyakazi wa Serikali za Mitaa. Watu hao walikuwa ni wafagiaji, wachukuzi wa takataka, watu wa maji, wauguzi wa zahanati. Hao ndio watumishi wa umma wasio na sikukuu. Takataka hazijui Krismasi, wala mfereji uliopasuka haungoji Jumanne baada ya Pasaka. Ni jambo la kufaa kukumbuka kwamba mmoja wa viongozi wakubwa wa wafanyakazi wa nchi hii alitoka miongoni mwao, hakutoka katika meza za makarani wakubwa.

Uhuru ulileta sikukuu zetu wenyewe. Tarehe 1 Juni ni ukumbusho wa madaraka ya ndani ya 1963. Tarehe 12 Desemba ni ya Uhuru wa 1963 na Jamhuri ya 1964. Tarehe 20 Oktoba ni ukumbusho wa usiku ule wa 1952 ambapo hali ya hatari ilitangazwa na Mzee Kenyatta na wenzake wakakamatwa. Kwa sisi wa Eastlands tarehe hiyo ina uzito wa karibu, maana majina ya siku zile za hatari yamo katika mitaa yetu. Ofafa imepewa jina la diwani Ambrose Ofafa aliyeuawa mwaka 1953, na Mbotela jina la Tom Mbotela aliyeuawa mwaka mmoja kabla yake. Katiba ya 2010 iliibadili Siku ya Kenyatta kuwa Siku ya Mashujaa, na kifungu chake cha tisa kikaziweka siku hizo tatu, Madaraka, Mashujaa na Jamhuri, kuwa sikukuu za taifa. Nyingine zote, tangu Mwaka Mpya na Ijumaa Kuu mpaka Idd-ul-Fitr, zakaa katika jedwali la Sheria ya Sikukuu za Umma, sura ya 110, ambayo inampa Waziri uwezo wa kutangaza siku nyingine katika Gazeti Rasmi la Serikali. Sheria hiyo yasema pia kwamba sikukuu ikiangukia Jumapili, Jumatatu yake huwa ya mapumziko. Ikiangukia Jumamosi haihamishwi, na watumishi wa ofisini hulalamika wameibiwa. Kibarua wa Jumamosi halalamikii kuhamishwa, yeye ameshapoteza.

Hapa ndipo penye kisa cha tarehe 10 Oktoba, ambacho twaona hakijaelezwa vya kutosha. Siku hiyo iliwekwa kumheshimu Rais Moi, aliyeshika uongozi mwaka 1978. Katiba mpya ilipoanza mwaka 2010 bila kuitaja, watu wote, na Serikali kwanza, wakachukulia kwamba imekufa. Ofisi zikafunguliwa, watumishi wakaenda kazini. Lakini jedwali la sheria halikuwa limefutwa. Mwezi wa Novemba 2017 Mahakama Kuu, kwa hukumu ya Jaji George Odunga, ikaamua kwamba siku hiyo ilikuwa bado ni sikukuu kwa sheria, mpaka hapo jedwali litakapobadilishwa kwa njia iliyo halali. Mwaka 2018 ikatangazwa na kuadhimishwa tena.

Fikirini maana yake. Kwa muda wa miaka saba hivi, kila 10 Oktoba, nchi nzima ilikwenda kazini katika siku ambayo kwa sheria ilikuwa ya mapumziko. Amri ya mishahara ya jumla, inayotawala kazi nyingi zisizo na amri yake maalumu, yasema kwamba mtu afanyaye kazi siku yake ya kupumzika au sikukuu ya umma alipwe mara mbili ya ujira wa saa zake za kawaida. Saa za ziada za siku nyingine ni mara moja na nusu. Wanachama wakumbuke wenyewe walikuwa wapi tarehe hizo, na walilipwa mara ngapi.

Tangu hapo siku hiyo imevaa majina kama mtu abadilishaye koti. Mwaka 2020 iliitwa Siku ya Huduma, 2021 ikaitwa Siku ya Utamaduni, na 2024 ikaitwa Siku ya Mazingira. Siku moja, majina manne, wala jina hata moja halikugusa mshahara wa mtu. Tena mnaona mzaha ulioje: siku iliyoitwa ya Huduma ni siku ambayo milango ya huduma hufungwa, na mwaka huo iliangukia Jumamosi.

Kuna sikukuu nyingine ambazo hazimo katika kalenda ya ukutani, nazo huja kwa tangazo. Tarehe 6 Novemba 2008 nchi ilipumzika kwa furaha ya ushindi wa Barack Obama kule Marekani. Tangazo lilitoka jana yake. Tarehe 26 Novemba 2015 ilikuwa siku ya maombi Baba Mtakatifu Francis alipofika Nairobi. Tarehe 11 Februari 2020 tulimwaga Mzee Moi, na 29 Aprili 2022 tukamwaga Mzee Kibaki. Tarehe 13 Novemba 2023 ilitangazwa kuwa siku ya kupanda miti, na 10 Mei 2024 ikawa siku ya kupanda miti tena na kuwakumbuka waliokufa kwa mafuriko. Hatusemi kwamba siku hizo hazikustahili. Maiti huheshimiwa, na miti yatakiwa. Twasema tu kwamba mtu aliyepewa tarehe ya hospitali, au ya mahakama, au ya kuchukua kitambulisho cha mwanawe, akalipa nauli toka asubuhi, hukuta kufuli mlangoni. Idd nayo hungoja mwezi uandame, lakini hiyo waumini wameizoea tangu dunia iumbwe, nao hujitayarisha.

Mwaka 2024 tulihesabu kwa vidole. Toka Ijumaa Kuu, tarehe 29 Machi, mpaka tarehe 10 Mei, ni siku 43. Ndani yake mlikuwa na Ijumaa Kuu, Jumatatu ya Pasaka, Idd-ul-Fitr tarehe 10 Aprili, Siku ya Wafanyakazi, na ile 10 Mei: sikukuu tano. Ziondoeni hizo pamoja na Jumapili sita, zimebaki siku 32 za kazi. Mwenye tikiti wa zamani angalizijaza thelathini zake kwa shida, endapo mafuriko ya miezi hiyo yangalimpa njia ya kupita. Kibarua wa leo, mathalan anayepewa shilingi 600 kwa siku, alipoteza shilingi 3,000 kwa sikukuu hizo tano peke yake. Mtumishi wa mwezi hakupoteza hata senti. Mwenye shibe hamjui mwenye njaa, wala si kwa ubaya. Karatasi yake ya mshahara haimwonyeshi.

Lakini hata miongoni mwa watumishi wa Serikali wenye mshahara wa mwezi kuna tabaka mbili, na hili yafaa lisemwe mbele ya wazee. Karani, mwalimu na afisa wa wizara hupumzika. Muuguzi, askari polisi, mtu wa zimamoto, mtu wa maji, hao zamu yao haina habari na Gazeti Rasmi. Sheria ya Mahusiano ya Kazi ya mwaka 2007 inazo kazi zilizoorodheshwa kuwa za lazima: maji, hospitali, kuongoza ndege angani, zimamoto, vivuko. Sheria ya polisi nayo humhesabu askari kuwa yu kazini wakati wote. Muuguzi aliyelala zamu usiku wa Krismasi aghalabu huahidiwa siku nyingine badala yake, nafasi ikipatikana. Na kila aliyewahi kufanya kazi wodini anajua jinsi nafasi hiyo ilivyo adimu. Hivyo Serikali, ambayo yawaamuru waajiri wengine walipe maradufu, yenyewe huwalipa wengi wa watu wake wa zamu kwa ahadi. Sisi twaona hilo si haki, na twalisema bila kumtukana mtu.

Wapo watakaouliza kwa nini watumishi hawakulitetea jambo hili mapema. Wakumbuke kwamba chama cha watumishi wa Serikali kilipigwa marufuku mwaka 1980, na hakikuandikishwa tena mpaka 2001. Kwa miaka ishirini na zaidi mtumishi alisherehekea Siku ya Wafanyakazi bila ya kuwa na chama cha wafanyakazi. Alikwenda uwanjani, akasikiliza hotuba, akarudi nyumbani. Na hata leo, nyongeza ambayo watu huingojea kila 1 Mei ni ya mshahara wa chini: asilimia 18 mwaka 2017, asilimia 5 mwaka 2018, asilimia 12 mwaka 2022, asilimia 6 mwaka 2024, asilimia 12 mwaka 2025. Mishahara ya watumishi wa umma hupitia Tume ya Mishahara na Marupurupu iliyowekwa na Katiba ya 2010, wala haiamuliwi jukwaani. Tumewasikia wanachama wakikopa juu ya nyongeza hizo kabla hawajajua kama zawahusu. Wasifanye hivyo.

Kuhusu gharama za sherehe zenyewe tutapita upesi. Jirani zetu wa Tanzania walijaribu jambo mwaka 2015, pale Rais Magufuli alipoziahirisha sherehe za Uhuru za tarehe 9 Desemba, akawataka watu washike fagio na kufanya usafi, na fedha za sherehe akazielekeza kwenye kupanua barabara ya Morocco mpaka Mwenge, Dar es Salaam. Hapa Kenya njia iliyochukuliwa toka 2016 ilikuwa kuzizungusha sherehe katika kaunti, Nakuru, Machakos, Nyeri, Meru, Kakamega na kwingineko, badala ya kuziweka zote Nairobi. Kila njia ina watetezi wake. Lakini gwaride liwe wapi, kibarua wa Tena hakuhesabiwa siku hiyo.

Turudi kwa yale yanayokigusa chama chetu moja kwa moja, nayo ni mazishi. Chama hiki kiliundwa kuzikana kabla ya jambo jingine lo lote. Mwanachama akifariki Alhamisi Kuu, ofisi za Serikali zitafungwa siku nne, toka Ijumaa Kuu mpaka Jumatatu ya Pasaka. Chumba cha maiti hakifungwi, wala daftari lake la malipo halifungwi. Nalo huhesabu kila siku, Jumapili na sikukuu pamoja. Angalieni basi jinsi dunia ilivyopangwa: siku ya sikukuu haihesabiwi kwa aliye hai anayeponda kokoto, lakini yahesabiwa kwa maiti. Juu ya hayo, nauli za kwenda bara hupanda Pasaka na Krismasi, na basi la kukodi la kumsafirisha marehemu hupanda nazo. Mweka hazina ameeleza katika taarifa yake ni kwa nini mazishi ya miezi ya sikukuu hula akiba yetu zaidi. Msomaji atazame huko.

Na sasa tulifikie lile ambalo ndilo hasa lililotufanya tukubali kuandika. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 37, yamhusu kibarua, yaani mtu alipwaye mwisho wa siku na ambaye hakuajiriwa kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Yasema kwamba akifanya kazi siku mfululizo ambazo kwa jumla hazipungui mwezi mmoja, au akipewa kazi isiyotazamiwa kumalizika katika muda wa jumla ya miezi mitatu, ahesabiwe kuwa ameajiriwa kwa masharti ya mwezi. Kisha yaongeza neno ambalo wazee wa tikiti wangalilisikia wangalilia. Yasema kwamba katika kuhesabu ujira wake na siku zake za mfululizo, kibarua ana haki ya siku moja ya mapumziko yenye malipo baada ya kila siku sita mfululizo za kazi. Na siku hiyo ya mapumziko, au sikukuu yo yote ya umma iliyoangukia katika muda huo, ihesabiwe kuwa ni sehemu ya siku hizo za mfululizo.

Ihesabiwe. Nafasi iliyokaa tupu katika tikiti, sheria ya 2007 imeitia alama.

Twajua kwamba jambo hili bado halijafika masikioni mwa watu wengi. Wapo wasimamizi wa kazi, hata katika kazi za umma zilizotolewa kwa makontrakta, ambao huwasimamisha vibarua siku moja kabla ya sikukuu na kuwaita tena kesho yake, kisha wakadai kwamba mfululizo umekatika na hesabu yaanza upya. Vijana waliofagia mitaro na kufyeka vichaka katika mpango wa Kazi Mtaani ulioanza mwaka 2020 walikuwa wakilipwa kwa siku, na wengi wao waliondoka bila kujua kwamba sheria ya vibarua ina kifungu kama hicho, seuze kukisoma. Wenye kuzoa takataka, kulinda malango na kuosha sakafu za majengo ya umma kwa ujira wa siku wamo miongoni mwetu, na wengine wamekuwa vibarua kwa miaka mingi kuliko umri wa watoto wao.

Mtu aliyefikisha miezi miwili au zaidi ya mfululizo ana haki ya masharti ya kazi ambayo angalikuwa nayo kama asingaliajiriwa tangu mwanzo kuwa kibarua. Anayenyimwa aende kwa afisa wa kazi, na isipowezekana huko, kuna Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi. Lakini atakapofika huko ataulizwa ni siku gani alifanya kazi na ni siku gani hakufanya, na jibu la kichwani halitoshi. Kwa sababu hiyo kamati imekubali kwamba kila mwanachama aliye kibarua apewe daftari dogo, aandike ndani yake tarehe, kazi aliyofanya, jina la msimamizi na fedha aliyopokea, na siku ya sikukuu aiandike vile vile, kwa jina lake. Kifungu cha 37 kimetafsiriwa kwa Kiswahili chepesi na nakala yake iko kwa katibu. Yeye hupatikana Jumamosi baada ya saa nane mchana, isipokuwa pakiwa na mazishi.